Jinsi ya Kupima Kosa la Jicho Lako: Mwongozo kwa Tunaonunua kwa Kukadiria

Nanunua ndizi Mwika na Marangu, naziteremshia Moshi mjini, zinazobaki zinapanda lori la Dar. Kwenye gulio la ndizi mizani ni nadra. Mkungu umelazwa juu ya majani, unauzunguka, unahesabu vichana, unaunyanyua kidogo kwa kikonyo, unataja bei. Kichwani umeshasema: huu ni kilo 25. Hakuna anayekuuliza umejuaje.

Miaka minne nilijisifu kwamba nina jicho la mizani. Kisha mteja mmoja akaanza kunilipa kwa kilo badala ya mkungu, na wiki ya kwanza tu kila mzigo wangu ukawa unapungua. Nikajua vijana wananiibia njiani. Nikamgombeza dereva, Mungu anisamehe. Mwishowe nikanunua mizani ya kuning'iniza, nikatundika mkungu palepale sokoni kabla haujapakiwa. Nilikuwa nimeuandika kilo 28. Mizani ikasema 24. Ndizi hunyauka kidogo safarini, sawa, lakini huu ulikuwa bado haujatoka Mwika. Mwizi nilikuwa natembea naye usoni.

Mwongozo huu ni wa kumpima huyo mwizi. Nimeuandika kwa ndizi kwa sababu ndiyo kazi yangu, ila anayekadiria ng'ombe mnadani, gunia lililojazwa lumbesa au urefu wa kitambaa ataufuata vilevile, abadilishe kipimo tu.

Vya kuandaa

Daftari na kalamu ya wino. Mizani ya kuning'iniza inayofika kilo 50. Kamba ya katani. Mikungu 20, ambayo si lazima uinunue yote. Ukielewana na muuzaji atakuachia uitundike asubuhi kabla wateja hawajajaa. Na msaidizi asiye na haja ya kukufurahisha. Mdogo wako anayependa kukucheka anafaa kuliko kijana wako wa kazi anayekuogopa.

Hatua ya 1: Ipime mizani kwanza

Tundika ndoo tupu, andika uzito wake. Chukua chupa ya lita moja, mimina maji mara kumi, tundika tena. Lita moja ya maji ni kilo moja, kwa hiyo ndoo yenye maji inatakiwa kuizidi ndoo tupu kwa kilo 10. Ikizidi kwa 10.4, mizani yako inaongeza. Ibadilishe, au andika kasoro hiyo kwenye jalada la daftari na uipunguze kila mara. Rudia kwa lita 20. Mizani ya bei rahisi inaweza kusema kweli kwenye kumi ikadanganya kwenye ishirini.

Wengi watataka kuiruka hatua hii: mizani ya nini, si nitajilinganisha na mzee wa kazi? Hapo ndipo alipoumia David Kinnebrook. Alikuwa msaidizi wa Nevil Maskelyne, mkuu wa kituo cha kutazama nyota cha Greenwich, Uingereza. Kazi yao ilikuwa kuandika nyota imezivuka saa ngapi nyuzi zilizotandazwa ndani ya darubini, jicho likiwa kwenye nyota na sikio kwenye mlio wa saa. Mwaka 1795 saa alizoandika Kinnebrook zilianza kuachana na za bosi kwa nusu sekunde hivi. Alionywa ajirekebishe. Badala ya kupungua, pengo likafika sekunde 0.8, na mwaka 1796 akafukuzwa kazi.

Sasa angalia hesabu ya bosi. Amechukulia kwamba jicho lake ndiyo mizani, na la kijana ndiyo mkungu. Miaka zaidi ya ishirini baadaye Friedrich Wilhelm Bessel, mtazama nyota wa Königsberg, alikisoma kisa hicho na kikamsumbua. Akaanza kujilinganisha na watazamaji wenzake, watu stadi wasio na mchezo, akakuta kati yake na baadhi yao kuna tofauti ya sekunde nzima na ziada. Toka hapo wanaastronomia wakaanza kumhesabia kila mtazamaji kosa lake, kama vile wanavyoihesabia saa kuchelewa kwake.

Watu wawili wasio na mizani wanaweza kujua kwamba wametofautiana. Nani kakosea, hawawezi kujua. Tajiri aliyekufundisha kazi huenda ana kosa kubwa kuliko lako, na huenda ndilo alilokurithisha.

Hatua ya 2: Chagua kitu kimoja

Aina moja ya ndizi: mshare peke yake, au kisukari peke yake. Usichanganye. Ndizi za aina hizi hazilingani, vichana havikai sawa, na jicho lina kosa tofauti kwa kila aina. Ukichanganya utapata wastani usiofaa popote.

Hatua ya 3: Andika kabla ya kupima

Hapa ndipo penye kazi yote, na ndipo watu wanapojidanganya.

Msaidizi anafunga karatasi yenye namba kwenye kikonyo cha kila mkungu. Namba hizohizo anaziandika kwenye vikaratasi, anavitia kwenye kofia, anachomoa kimoja kimoja. Utakadiria kwa mpangilio wa kofia. Ukienda kwa mstari ulivyopangwa sokoni, muuzaji atakuwa ameweka mikubwa mbele, na ukitoka kwenye mkubwa ule wa wastani unaonekana kitoto.

Simama mbele ya mkungu kama unavyosimama siku zote. Kama kawaida yako ni kuunyanyua kwa kikonyo, unyanyue. Kama ni kutazama tu, tazama tu. Unapima jicho lako la kazini, usilitengenezee jicho la mtihani. Andika namba. Kisha msaidizi ndiye atundike, asome, aandike kwenye karatasi yake mwenyewe bila kukuambia, mpaka yote 20 iishe. Ukiambiwa jibu la mkungu wa kwanza, utaanza kujirekebisha kwenye wa pili, na kosa ulilokuja kulipima litakimbia.

Usitaje makadirio kwa sauti. Msaidizi akisikia “ishirini na tano”, na mizani ikawa inayumba kati ya 23 na 24, mkono wake utasubiri mpaka ipande.

Kalamu ya wino ni kwa sababu yangu. Mara ya kwanza nilitumia penseli. Kwenye mkungu wa saba niliandika 26, nikamwona mdogo wangu amekunja uso, nikafuta, nikaandika 24. Alikuwa amepigwa jua machoni tu. Utomvu wa ndizi ulikuwa umeganda vidoleni, na pale nilipofuta pakabaki doa jeusi. Doa hilo lipo hadi leo na ndilo linalonikumbusha.

Tena, namba moja kamili. “Ishirini na kitu” haipo. Na ukimaliza tazama tarakimu za mwisho. Zangu zilikuwa 20, 25, 30, 25, 20, kana kwamba migomba ya Kilimanjaro inazaa kwa tano tano. Ukiona hivyo, mkupuo unaofuata jikataze namba zinazoishia na 0 au 5 isipokuwa una hakika. Utateseka, lakini jicho litalazimika kuangalia.

Hatua ya 4: Tenganisha makosa mawili

Tuchukue mkupuo wa mikungu kumi ili hesabu iwe fupi. Namba ya kwanza ni makadirio, ya pili ni mizani, ya tatu ni kosa:

25, 22, zaidi 3
20, 18.5, zaidi 1.5
30, 26, zaidi 4
18, 17, zaidi 1
22, 22.5, pungufu 0.5
28, 24, zaidi 4
15, 15.5, pungufu 0.5
25, 23, zaidi 2
20, 17.5, zaidi 2.5
32, 29, zaidi 3

Jumlisha makosa ukizingatia zaidi na pungufu: unapata kilo 20. Gawa kwa kumi: kilo 2. Hili ndilo kosa la kudumu. Mtu huyu, kwa wastani, anaona kilo 2 ambazo hazipo.

Sasa kosa la kuyumba. Kwa kila mkungu, angalia kosa lake limeachana na hizo kilo 2 kwa kiasi gani, bila kujali upande. Wa kwanza kosa ni 3, umeachana kwa 1. Wa pili 0.5. Wa tatu 2. Endelea hadi mwisho, jumla ni 13, gawa kwa kumi, 1.3.

Usiyachanganye haya mawili, maana dawa zake ni tofauti. Kosa la kudumu linaondoka kwa kutoa: namba moja, kila siku. Kosa la kuyumba haliondoki kwa kutoa chochote. Linapungua kwa mazoezi, au kwa kununua mikungu mingi kwa pamoja ili zaidi na pungufu zifutane. Nimekutana na watu wenye kosa la kudumu kubwa na wanayumba kidogo sana. Hao sokoni wanadharauliwa, kumbe ndio rahisi kutibika. Wa hatari ni yule ambaye wastani wake ni sifuri kwa sababu leo kazidisha sita na kesho kapunguza sita.

Kabla hujafunga daftari, gawa tena orodha kwa makadirio. Yale ya kilo 25 na kuendelea yako matano: makosa yake ni 3, 4, 4, 2 na 3, wastani 3.2. Yaliyo chini ya 25 nayo ni matano: wastani 0.8. Kumbe kosa linakua na mkungu. Nagawa kwa makadirio badala ya uzito halisi kwa sababu sokoni nitakuwa na makadirio tu. Kwa hiyo mtu huyu hahitaji kutoa kilo 2 kila mahali: jicho likisema 25 au zaidi atoe 3, likisema chini ya hapo atoe 1.

Hilo la kosa kukua na mzigo halishangazi. Ernst Heinrich Weber, mtaalamu wa mwili wa binadamu huko Leipzig, Ujerumani, alionyesha mwaka 1834 kwamba tofauti ndogo kabisa ya uzito ambayo mkono unaweza kuihisi inaongezeka kadiri mzigo wenyewe unavyokuwa mzito. Ongeza ndizi mbili kwenye kichana ulichoshika, utajua. Ziongeze kwenye mkungu wa kilo 30, hutajua kitu.

Hatua ya 5: Jaribu mkono bila soko

Fanya hii nyumbani, watoto wataipenda. Tafuta dumu la lita 20 na dumu la lita 5. Tia mchanga kwenye yote mawili mpaka mizani isome kilo 4 kila moja, kifuniko na mshikio vikiwemo. Mwite mtu yeyote anyanyue moja kisha jingine, mkono uleule, aseme lipi zito.

Atasema dogo. Mwonyeshe mizani, atacheka, atanyanyua tena, na bado dogo litakuwa zito. Augustin Charpentier wa Ufaransa aliandika juu ya jambo hili mwaka 1891 na mpaka leo halijapatiwa tiba. Cha ajabu ni kwamba vidole vinajifunza: baada ya kunyanyua mara chache vinatumia nguvu sawa kwa madumu yote mawili. Hisia ya uzito ndiyo inayokataa kusikia.

Kwa mnunuzi wa ndizi maana yake ni hii. Mkungu mrefu wenye vichana vilivyoachana utauhisi mwepesi kuliko ulivyo. Ule mfupi ulioshikana utauhisi mzito. Jicho nalo linavuta upande wake, linahesabu ukubwa. Ndiyo maana katika hatua ya 3 nimesema fanya kama unavyofanya siku zote. Anayetazama tu na anayenyanyua hawana kosa moja. Ukitaka, fanya mikupuo miwili, mmoja kwa jicho na mmoja kwa mkono huku umefungwa kitambaa usoni, uone ni yupi kati yao anayekugharimu. Kwangu ni jicho.

Hatua ya 6: Ficha jina la muuzaji

Hii niliichelewesha, na sikupenda nilichokikuta.

Nilikuwa na wauzaji wawili nilionunua kwao kila gulio. Mmoja ni mzee ambaye sote pale sokoni tunamwita Meku, ukimwamkia anakuuliza na mama hajambo, na ukinunua mikungu mitano anakuongezea kichana. Mwingine ni kijana niliyewahi kugombana naye kwa ajili ya chenji. Nikaanza kuandika jina la muuzaji pembeni ya kila makadirio. Mikungu ya Meku nilikuwa naizidisha kwa kilo 4. Ya kijana, karibu kilo 1 chini. Gulio moja, asubuhi moja, jicho moja.

Namna ya kulipima hili: msaidizi anunue au aazime mikungu kumi kwa kila muuzaji, aipeleke nyuma ya lori, aichanganye, aipe namba, akuite. Usione inapotoka. Kadiria yote, pima yote, ndipo akupe orodha ya majina.

Jaribio langu la kwanza liliharibika na sikujua mpaka mwisho. Meku anakata kikonyo kirefu, kwa mapanga mawili ya mshazari, na anafungia kamba ya mgomba fundo ambalo hakuna mwingine anayelifunga. Nilikuwa nimeitambua mikungu yake yote bila kujiambia. Mara ya pili mdogo wangu alikata fundo na kuvisha kila kikonyo kipande cha gunia. Safari hiyo kosa langu kwa Meku na kwa kijana likawa kilo 2 kila upande. Ndiyo yangu ya kudumu. Zilizobaki zilikuwa salamu na chenji.

Waonja kahawa wana adabu hii siku nyingi, na mji huu umeishi na mnada wa kahawa kwa miaka mingi kiasi kwamba ni aibu sisi wa ndizi tusijifunze. Vikombe vinapangwa kwa namba, mwonjaji anapita na kijiko, anavuta kwa mlio, anaandika alama. Shamba la nani, hajui mpaka amalize.

Hatua ya 7: Sahihisha kwenye daftari

Sokoni andika kwanza kile jicho linachosema, kibichi kilivyo. Pembeni andika namba iliyosahihishwa. Usijaribu kulifundisha jicho palepale kwa kujiambia “mimi huwa nazidisha, ngoja nipunguze.” Ukipunguza kichwani, kisha ukatoa tena kwenye daftari, umekata mara mbili, na muuzaji atakukimbia kwa bei zako.

Pima upya kila baada ya miezi mitatu hivi, mikungu kumi inatosha. Kumbuka la Kinnebrook lilitoka nusu sekunde hadi 0.8 ndani ya miezi michache. Pima upya pia ukibadilisha aina ya ndizi, au ukianza kuvaa miwani.

Mkiwa wanunuzi watatu kwenye lori moja, kila mmoja aandike kwa siri kisha mchukue namba ya katikati. Francis Galton alichapisha mwaka 1907 hesabu za shindano la kukisia uzito wa ng'ombe huko Plymouth, Uingereza: kadi 787, na kadirio la katikati likawa ratili 1,207, wakati nyama yenyewe ilikuwa ratili 1,198. Kilo 4 tu za tofauti kwa ng'ombe mzima. Ila angalia, wingi wa watu unapunguza kuyumba. Kama nyote watatu mmefundishwa na tajiri mmoja, kosa lake la kudumu mtalibeba wote, na namba ya katikati italibeba vilevile.

Watakaokuuliza

Ukiandika mbele ya muuzaji atadhani ni mambo ya ushuru. Mwambie mapema. Mama mmoja wa Mwika aliniangalia nikitundika mikungu yake, akaweka mikono kiunoni.

“Unanipima mimi au ndizi zangu?”

“Shikamoo mama. Najipima mwenyewe, jicho langu.”

“Marahaba. Basi na mimi nipime, mwanangu.”

Nikamkatia ukurasa. Akakadiria mikungu mitano, anataja, mdogo wangu anaandika bila kumwambia kitu. Nilitegemea atapandisha, ni wake, anauza. Tulipomsomea mizani, minne kati ya mitano alikuwa ameitaja chini, mmoja kwa kilo 5. Akaomba daftari, akaisoma orodha mwenyewe kwa kidole, taratibu, mara mbili. Kisha akamwita binti yake aliyekuwa anafunga mzigo upande wa pili.

“Acha kwanza hiyo iliyobaki,” akamwambia. “Lete hapa ining'inizwe.”